Naomba Yake Kidogo

Mimi ni mwalimu wa Kiswahili, na si mtu wa kuogopa ovyo. Nimefundisha hapa Isiolo miaka kumi na mmoja. Wanafunzi wananiita Madam Ngeli na wanadhani sijui. Kwa hivyo ukiona katikati ya habari hii nimeanza kubishana juu ya sarufi badala ya kukwambia kilichotokea, nivumilie. Yote yaliyompata jirani yangu Luul yalianza na neno moja lililosemwa vibaya, na mimi nilikuwa nimeketi pale pale, kalamu nyekundu mkononi, nikaliacha lipite.

Luul na mimi tunapakana ukuta kwa ukuta, mtaa wa Chechelesi. Mimi ni Makandi, Mmeru wa kutoka huko juu. Yeye ni Msomali wa zile familia za askari wa zamani, na mumewe, Hanad, anaendesha lori la mizigo kati ya Isiolo na Merti. Akitoka hapa anaweza kukaa wiki nzima bila simu kushika. Nyumbani hubaki Luul na mama mkwe wake, Fahmo, mama wa miaka sitini na kitu, mwembamba, mwenye macho yasiyopitwa na kitu.

Mwezi wa kwanza Luul alishikwa na uchungu miezi miwili kabla ya siku zake. Mtoto alizaliwa msichana, kilo moja na gramu mia tatu. Nilipoenda kumwona hospitalini kiganja changu kimoja kilitosha kumbeba, na sikuthubutu kukitumia. Walimpa jina Nafiso. Luul alikuwa amepoteza mimba mbili kabla yake, na daktari alikuwa amemwambia wazi kwamba huenda asipate nyingine. Kwa hivyo tusidanganyane. Huyu hakuwa mtoto wa kwanza tu, alikuwa yule mmoja.

Walikaa hospitalini wiki tano. Muuguzi aliyewashughulikia, Mborana mmoja mpole anayeitwa Galma, aliwafundisha kumlea mtoto ngozi kwa ngozi: anavuliwa nguo, anabaki na nepi, kofia na soksi, analazwa kifuani mwa mama katikati ya matiti, kisha mama anafungwa leso juu yake. Usiku na mchana. Siku ya kuruhusiwa kwenda nyumbani nilikuwepo, nikamsikia akirudia.

“Mama, mtoto kama huyu hana mafuta chini ya ngozi. Hajui kutetemeka. Akipata baridi hatalia, atanyamaza tu. Usingoje alie ndio ujue.” Akampa kipimajoto kidogo cha betri. “Kwapani, mara nne kwa siku. Ikishuka chini ya thelathini na sita na nusu, kifuani. Ikikataa kupanda, nipigie hata kama nimelala.”

Majirani walicheka. Kofia ya sufu Isiolo, mwezi wa pili, wakati ambapo hata mbuzi wanagombania kivuli cha nguzo ya stima! Baridi itoke wapi? Nami nilicheka kidogo, nakiri. Lakini Luul hakucheka. Alikaa na yule mtoto kifuani jasho likimtiririka mpaka kiunoni, na kila mara kipimajoto kilipolia alinionyesha kama mwanafunzi aliyepata alama nzuri.

Fahmo naye alikuwa na sharti lake. Moto usitoke ndani ya nyumba mpaka mtoto atimize siku arubaini. Mtu akija kuomba kiberiti, apewe. Sukari, apewe. Kaa la moto, hapana.

“Hooyo, siku hizi nani anaomba moto?” Luul alimuuliza, akimwita mama kwa Kisomali.

“Hata kama ni mmoja,” Fahmo alisema, na hakutabasamu.

Jumamosi hiyo Fahmo alikwenda Kulamawe asubuhi kutoa pole kwenye matanga. Mimi nilibeba insha zangu za kidato cha pili nikaenda kusahihishia kwa Luul, maana mtu mwenye mtoto kifuani hana mikono ya kupika. Saa tatu Nafiso alipimwa: 36.8. Alinyonya vizuri. Niliweka jiko karibu na mlango ili moshi utoke, nikateleka chai, nikaketi kwenye mkeka na kalamu yangu. Luul aliegemea ukuta nyuma ya jiko, leso ikiwa imefungwa sawasawa. Tulikuwa tunamsengenya mwenye nyumba. Ilikuwa siku nzuri kabisa.

Saa sita, kivuli kikiwa kimekwisha chini ya miguu, mwanamke alisimama mlangoni.

Alikuwa amejifunika blanketi zito la kijivu mpaka kidevuni, katika jua lile. Blanketi lilikuwa limelowa. Miguu ilikuwa na matope hadi kwenye vifundo, na Isiolo haikuwa imeona tone la mvua tangu mwezi wa kumi na mbili. Nikafikiri ametoka kuchota maji mahali bomba limepasuka. Mkononi alishika kigae cha chungu kilichovunjika, kile ambacho watu wa zamani walibebea makaa.

“Salaam aleikum,” alisema. Sauti ilikuwa ndogo.

“Aleikum salaam, mama,” Luul akajibu.

“Naomba yake kidogo.”

Alikuwa anaangalia jiko. Au nilidhani anaangalia jiko. Luul alikuwa nyuma yake, na macho ya yule mwanamke yangeweza kuwa kwenye lolote kati ya hayo mawili.

Nilimwona Luul akisita. Alikuwa amekumbuka sharti. Kisha nadhani aliona haya, mtu mzima amelowa chapachapa anaomba kaa moja naye amnyime.

“Chukua, mama,” akasema. “Chukua hata yote.”

Na mimi, kwa ujuaji wangu, nikanong'ona pembeni: “Yake nini? Moto ni wake.” Luul akazuia kicheko. Nikarudi kwa insha yangu, nikazungusha kosa la mtoto wa mtu kwa wino mwekundu.

Nilipoinua macho mlango ulikuwa mtupu. Kigae kilikuwa kimeachwa kwenye kizingiti, kikavu, hakina hata majivu. Niliondoa sufuria nikachungulia jiko. Makaa yalikuwa mekundu, yote, hakuna hata moja lililoguswa.

Kama nusu saa hivi ikapita.

“Mwalimu,” Luul akaniita. “Hebu shika mguu yake.”

Nilivuta soksi. Mguu wa Nafiso ulikuwa baridi.

Tulipima. 36.1. Hatukushtuka bado. Tulikagua nepi, ilikuwa kavu. Nilifunga dirisha upepo usiingie. Tulikaza leso, tukaongeza blanketi juu, nikamvutia kofia mpaka kwenye nyusi. Luul alimkamulia maziwa kwenye kikombe kidogo, kama Galma alivyomfundisha, akamgusisha midomo. Maziwa yalitoka upande wa pili wa mdomo. Hakumeza.

Dakika ishirini. 35.4.

Mabati yalikuwa yanalia kwa jua. Mimi nilikuwa natoka jasho kama niko mbele ya tanuri la mkate. Na mtoto yule, katikati ya yote hayo, chini ya leso na mablanketi mawili, kifuani mwa mama yake, alikuwa anapoa.

Nilimpigia Galma. Aliuliza maswali haraka haraka. Analia? Hapana. Ananyonya? Hapana. Anapumua vipi? Kwa mbali.

“Msimsogeze kwa jiko, mtamchoma,” alisema. “Msimwoshe. Mwacheni kifuani na mje hospitali. Mkija, aje kifuani hivyo hivyo.”

Nilipomaliza kuongea nilimkuta Luul akitetemeka. Midomo yake ilikuwa imegeuka rangi ya majivu.

“Sio kwamba hapati,” alininong'oneza. “Mwalimu, anapata. Nasikia ikitoka kwangu ikiingia kwake. Lakini haikai. Inapita, inaenda.”

“Inaenda wapi?”

Aliangalia mlango.

Nikachukua kipimajoto, nikakiweka kwapani mwa Nafiso kwa mkono wangu mwenyewe. Kililia. Nikakigeuza kwenye mwanga. Hakikuandika namba. Kiliandika herufi mbili.

Lo.

Sasa wewe niambie. Mimi nafundisha vihisishi kila mwaka. Lo, neno la mtu aliyepigwa na butwaa. Nililisoma hivyo, kwamba kitu cha plastiki kimeona kilichokiona kikashangaa. Nilimpigia Galma tena. Sikujua hata naanzia wapi.

“Kinasema lo,” nilimwambia.

Nikamsomea herufi zote mbili.

“Hiyo ni Kiingereza, mwalimu,” alisema polepole. “Imeshuka chini ya thelathini na mbili. Mashine haiwezi kusoma tena. Njooni. Njooni sasa hivi.”

Nilikimbia barabarani nikamsimamisha Abdifatah, kijana wetu wa tuktuk. Alikuja mpaka langoni. Nilimshika Luul mkono, akatoka, akapanda. Tuktuk ikazima. Abdifatah akapiga stata. Hakuna. Akashuka, akainamia injini nyuma, akaiwekea mkono. Akautoa upesi.

“Madam,” alisema. “Injini iko baridi.”

“Si uiwashe!”

“Nimetoka nayo Ngaremara saa hii. Huwezi gusa injini kama hiyo, utaungua.” Aliangalia mkono wake, kisha Luul. “Madam, mimi sitaki mambo.”

Luul aliposhuka, injini ilinguruma yenyewe bila kuguswa. Alipopanda tena ikazima. Mara tatu. Ya nne Abdifatah hakungoja. Aliondoka, na simlaumu, ingawa siku hiyo nilimtukana kwa Kimeru matusi ambayo mama yangu hajui kama nayajua.

Luul hakuweza kutembea. Nilimrudisha ndani nikamlaza sakafuni, nikamfunika kila kitu nilichokipata, hata zulia. Kisha nikafungua vifungo vya blauzi yangu nikamchukua Nafiso. Galma alishasema kwamba mama akichoka mtu yeyote mwenye afya anaweza kumpokea, awe baba, shangazi, hata jirani. Mimi ni mtu mnene, nina joto la kutosha watu wawili. Ndivyo nilivyojiambia.

Nilimlaza kifuani. Alikuwa mwepesi, amenyamaza, na ubaridi wake haukuwa wa mtoto. Jasho langu lilikauka papo hapo. Halafu nikaelewa alichosema Luul. Joto langu lilianza kuondoka. Halikuondokea kwenye ngozi, lilitoka ndani, tumboni, likapita kwenye kile kifua kidogo, likaendelea na safari. Nilihisi kabisa upande linakokwenda. Lilikuwa linavutwa kuelekea mlangoni.

Niliangalia.

Kwenye kizingiti, kando ya kile kigae, kulikuwa na alama ya mguu. Matope mabichi. Sikuwa nimeiona mwanzoni.

Nilimkaza Nafiso. Nikafumba macho, nikaomba, sala zote nilizofundishwa Jumapili, nikazichanganya. Nilipofumbua, alama zilikuwa mbili. Ya pili ilikuwa ndani.

Hapo ndipo nilipofikiria lile neno. Mkaa ni wake. Moto ni wake. Joto ni lake. Mtoto naye akiwa na joto, ni lake. Lakini hapa Isiolo tumeziua ngeli zote, kila kitu ni yake, na hatuulizi. Aliomba yake kidogo. Hatukumuuliza yake nini, yake nani. Na Luul akamwambia chukua hata yote.

Niliona aibu na uchungu mpaka nikalia kwa sauti. Maisha yangu yote nasahihisha watu, na mara moja tu iliyohitajika nilifanya mzaha.

Fahmo alirudi karibu saa nane. Alisimama nje, akaona kigae. Hakuuliza mtoto yuko wapi. Hakuuliza kwa nini mimi Mmeru nimekaa nusu uchi nikilia katikati ya nyumba yake. Aliinama, akagusa yale matope kwa kidole, akanusa.

“Nani alikuja?”

Nilimwambia. Blanketi la kijivu. Miguu.

“Alisema nini? Sema vile alisema.”

“Naomba yake kidogo.”

Fahmo aliketi chini pale pale kizingitini. Kisha akazungumza, kwa sauti ya chini, akiangalia nje. Nitakueleza kama alivyonieleza, kwa ufupi, maana naye hakurefusha.

Ulikuwa mwaka wa El Nino, tisini na saba. Fahmo na mumewe walikuwa na duka dogo Biliqo, upande wa Merti. Hanad alikuwa na siku sita tu tangu azaliwe, naye kabla ya wakati, mdogo kama Nafiso. Maji yalifunga njia zote. Kuni zote nchini zilikuwa zimelowa, ila mzigo mmoja ambao mumewe alikuwa ameuficha darini. Mwanamke mmoja wa wafugaji, ambaye nyumba yake ilichukuliwa na mafuriko, alikuja mlangoni na kichanga ambacho hakikufika siku zake, kimefungwa ndani ya blanketi lililolowa. Aliomba moto. Fahmo akamwambia kwamba kwao moto hautoki nyumba yenye mtoto mchanga.

“Hiyo ilikuwa mila kweli,” Fahmo alisema. “Lakini sikukataa kwa sababu ya mila. Niliogopa kuni itaisha, Hanad akufe.”

Mwanamke alirudi mara ya pili. Alikataliwa. Mara ya tatu hakuomba moto tena.

“Aliniambia, dada, chukua mtoto yangu, lalisha kifuani yako na ya kwako. Mpaka asubuhi tu. Wawili watatosha.” Fahmo alifuta kidole chake chenye matope kwenye nguo. “Nilifunga mlango. Nikaweka gunia ya mchele nyuma yake. Asubuhi walikuwa hapo nje wote wawili. Kigae iko mkononi.”

Chini ya mablanketi, meno ya Luul yalikuwa yanagongana.

“Nipe mtoto,” Fahmo akaniambia.

“Hooyo, utakufa,” Luul alinong'ona. “Mwalimu ni mkubwa na ameshindwa.”

“Nipe mtoto, mwanangu.”

Nikampa. Na nitakwambia ukweli wote, nilipomtoa kifuani mwangu nilifurahi. Nilifurahi kwamba zamu yangu imekwisha. Hilo mpaka leo linanisumbua kuliko yale mengine.

Fahmo alimweka kwenye kifua chake cha mifupa, akajifunga leso. Hakurudi kivulini. Alikaa kizingitini, uso ukielekea nje, jua likimpiga usoni. Hapakuwa na mtu mbele yake. Palikuwa na uwanja wetu, kamba ya nguo na kuku wa mwenye nyumba. Kuku walikuwa wameacha kudonoa.

“Chukua yangu,” Fahmo alinong'ona. “Ya mtoto wacha. Yangu, mimi Fahmo. Mimi ndio nilifunga mlango.”

Jiko likazima. Makaa mekundu yaligeuka meusi kwa mara moja.

Sikusikia jibu. Fahmo alisikia. Aliinamisha kichwa upande, akasikiliza kwa muda mrefu, halafu akakitikisa.

“Hiyo siwezi,” alisema. “Mimi nimezeeka. Kifua yangu imekauka. Uliza mwenyewe.”

Akaelekeza mkono nyuma, alipolala Luul.

“Sawa,” Luul akasema kutoka sakafuni.

Nilidhani anaweweseka. Alikuwa amefumba macho.

Nikapiga magoti karibu na Fahmo, nikapenyeza kipimajoto chini ya leso. Lo. Nikangoja. 32.3. Niligusa bega la Fahmo, lilikuwa baridi. 33.1. Niliita jina lake, akaitikia kwa kope tu. 34.0. Galma alikuwa ametuambia kwamba mtoto aliyepoa hupanda polepole, saa nzima kwa nusu digrii tu. Huyu alipanda kama maji kwenye birika. 35.2. Fahmo hakutetemeka hata kidogo, alikaa wima, jua kali machoni, hapepesi. 36.0.

36.7.

Nafiso akalia. Kilio chembamba, cha hasira, cha mtoto mwenye njaa. Luul aliinuka kutoka sakafuni kana kwamba hakuwa mgonjwa, akatambaa, akamchukua, akamweka titini. Akanyonya. Nilisikia akimeza.

“Hooyo,” Luul akamwambia Fahmo, akicheka na kulia. “Hooyo, anakula!”

Fahmo alikuwa bado anaangalia uwanja. Nilimgusa shavu nikaondoa mkono.

Galma, alipoona hatufiki, alikuja kwa pikipiki robo saa baadaye, mkoba wake mgongoni. Alimpima Nafiso mara tatu, kwa vipimajoto viwili tofauti. Kisha akampima Fahmo, akaniangalia, akaangalia jua. Alisema ni moyo. Mama wa umri huo, joto kali, mshtuko. Alisema huenda nilikiweka kipimajoto vibaya nikasoma Lo bure. Alilisema hilo kwa upole na mimi sikubishana. Lakini wanawake waliomwosha Fahmo kabla ya maziko ya jioni walimwosha kwa zamu, dakika chache kila mmoja, kwa sababu vidole vilikuwa vinakufa ganzi. Mmoja wao aliniuliza mwili ulikuwa umelala mochari gani. Nilimwambia haujalala popote. Ulikuwa juani.

Nafiso alilazwa siku tatu kuangaliwa, akaruhusiwa. Hanad alirudi akamlilia mama yake. Hatukumwambia habari za kuni. Nilipiga deki kizingiti mara nyingi, nikatupa kigae kwenye shimo la choo. Nilijiambia yamekwisha, deni la watu wa zamani limelipwa na mwenyewe, na mimi nina mitihani ya kutunga.

Siku kumi baadaye ilikuwa kliniki. Luul aliniomba nimsindikize. Ilikuwa asubuhi, watu wengi, watoto wanalia kila kona, ukuta umechorwa wanyama. Mimi nilikuwa na furaha. Luul mwenyewe alikuwa amenenepa kidogo usoni, ametulia mno. Alikaa kwenye benchi, mikono yote miwili juu ya leso.

Galma alituita ndani. Luul alifungua leso upande wa kushoto tu, akamtoa Nafiso kwa uangalifu, akanipa nimpeleke kwenye mizani, mwisho wa chumba. Kilo moja na gramu mia tisa. Joto 36.9. Nafiso alipiga mateke hewani kama mtu mwenye kesi na sisi sote. Galma akacheka, akaandika kwenye kadi.

“Mwalimu, mmefanya kazi,” alisema. “Huyu amepona.”

Kisha akageuka kumwambia Luul jambo, na hakulisema.

Nami nikageuka.

Luul alikuwa ameketi wima kwenye kiti. Nafiso nilikuwa naye mimi, mikononi, hatua sita kutoka kwake. Lakini leso ya Luul upande wa kulia ilikuwa bado imevimba. Imevimba kidogo, kiasi cha kiganja kimoja. Na ilikuwa inapanda na kushuka, haraka haraka, inasimama kidogo, halafu inaanza tena. Mtu mzima hapumui hivyo. Nilishakaa na Luul kwenye wodi ya watoto njiti, nawajua wanaopumua hivyo.

Galma alisogea. Alinyoosha mkono, taratibu, kwenye pindo la leso.

Luul akaufunika uvimbe ule kwa kiganja, akamtazama bila hofu yoyote.

“Usifungue, daktari,” alinong'ona. “Huyu bado hajapata joto.”